Siku Nane Nikiwa Rehani

Kwa miaka thelathini na moja nimeishi nyumba moja na mwanaume wa Uskoti aliyekufa karne sita zilizopita, na sikuwahi kumpenda. Jina lake ni Sire Gauthier wa Dunravel. Mume wangu Stanislas, mwalimu wa historia, alimkuta ndani ya kitabu cha Kifaransa kisicho na jalada, ambacho padri mmoja Mbelgiji alimwachia alipokuwa anarudi kwao. Tangu siku hiyo nyumba yetu ya Butembo, mashariki mwa Kongo, ina watu watatu. Wanawake wenzangu sokoni, pale ninapouza maharagwe ya Musienene, wanalalamika kuhusu wake wadogo. Mimi nalalamika kuhusu mzee mwenye upanga.

Wanafunzi walimwita Prof Écosse, yaani Profesa Uskoti, naye badala ya kukasirika alitabasamu kana kwamba amepewa cheo. Jioni, mimi nikichagua maharagwe kwenye ungo, yeye alinisomea alichoandika, maana alikuwa anayaandika upya maisha ya mtu huyo kwa Kiswahili, daftari baada ya daftari, ili siku moja watoto wa Lubero na Luofu wayasome. Ndivyo nilivyolazimika kumjua Gauthier kuliko ninavyowajua wajomba zangu.

Alizaliwa kwenye jumba la mawe, nchi yenye baridi kuliko Lubero. Alipokuwa na miaka kumi na mmoja mfalme wao alikamatwa vitani na Waingereza, na ili aachiliwe, watoto wa wakubwa walitolewa wakae kwa adui kama rehani mpaka masharti yatimizwe. Gauthier alikuwa mmoja wao. Alikaa huko miaka sita, akajifunza lugha yao, nyimbo zao na namna wanavyokasirika. Aliporudi, watu wa kwao walimcheka jinsi anavyosema, lakini kila alipotakiwa mtu wa kwenda kuzungumza na Waingereza, yeye ndiye aliyetumwa. Mara kumi na tisa alivuka mpaka. Alizima vita viwili, akamtafutia mfalme mmoja mke. Waswahili wanasema mjumbe hauawi. Hawakusema hatukanwi, maana huku na kule walimwita msaliti.

Sehemu aliyoipenda Stanislas ndiyo niliyoichukia mimi. Mfalme mwingine, kijana, alikamatwa tena, na Gauthier akaenda kumwombea. Waingereza wakasema sawa, tuachieni watu mpaka mtimize mliyoahidi. Gauthier akamtoa mwanawe wa kwanza, Robert. Mfalme akarudi nyumbani, akala, akanenepa, akayasahau masharti. Mwaka wa nne Robert akafa kwa homa kwenye mnara wa adui. Baba yake alipotumwa tena kwa watu wale wale, alikwenda. Akapiga magoti, akaomba amani na mifupa ya mwanawe, akapewa vyote viwili. Hapo sauti ya Stanislas ilikatika kila mara. Mimi niliuliza swali moja tu: mama yake Robert aliitwa nani? Akafungua, akatafuta. Kitabu kilisema "Madame, mke wake", basi. Nikamwambia aliyekiandika alikuwa mpumbavu, nikaendelea na maharagwe yangu.

Halafu na sisi tukapoteza mwana. Kakule wetu alikuwa kitinda mimba. Dada zake wameolewa, mmoja Goma, mwingine Kampala. Yeye alikwenda Beni kununua kakao, na huko akampenda Gracieuse, binti wa pasta Ésaïe. Mtoto wao, Hadassa, alizaliwa kabla hatujapeleka mbuzi wa mahari, na kila mtu kwetu anajua sheria: mtoto ambaye mbuzi wa mahari ya mama yake hawajafika ni wa kwao mama. Kakule alikuwa bado anawatafuta mbuzi hao pikipiki yake ilipoteleza kwenye matope, katikati ya Beni na Butembo. Hadassa alikuwa na mwaka mmoja na mwezi. Tulimzika Kakule huko Musienene, kwenye shamba la ukoo.

Katika ukoo wetu, matanga ya mwanaume aliyeacha mtoto hayaondolewi mtoto huyo akiwa hayupo. Lazima asimame kaburini, akatwe nywele kidogo, watu waone kwamba marehemu hakuondoka bila kuacha kitu. Kwa hiyo nilivaa nguo nyeusi mwaka wa kwanza, nikavaa wa pili, nikavaa wa tatu. Nilichoka na rangi hiyo. Nilimtaka mtoto wa Kakule, na sitaki kusema nilimtaka kwa ajili ya mila. Nilimtaka nimshike.

Safari ya kwanza ya kumwomba iliongozwa na Kahongya, kaka mkubwa wa mume wangu, mtu mwenye maduka mawili na sauti ya maduka manne. Alikwenda Beni na wanaume watano na kidumu cha lita ishirini cha kasiksi, pombe yetu ya ndizi. Kwa Mkatoliki wa Butembo, kwenda kwa wakwe bila kasiksi ni kwenda uchi. Hakuna hata mmoja wao aliyejiuliza kama pombe inaingia kwenye nyumba ya pasta. Walikitua kidumu sebuleni, mashemasi wa kanisa wakiwa wamekaa pale, na kwa joto la Beni kile kidumu kilikuwa kimeanza kutoa povu kwenye kifuniko. Kahongya akaona wenyeji wamenuna, akadhani wanataka maneno makali. Akasema mtoto ni damu yetu, tumekuja kuchukua damu yetu. Pasta Ésaïe hakubishana. Alifumba macho akaanza kuomba, na akaendelea kuomba mpaka wageni walipoelewa kwamba hatayafumbua wakiwa bado wamekaa. Waliondoka na kidumu chao.

Miaka miwili ikapita bila neno. Mwaka huu ukoo ulikutana Musienene kutafuta mjumbe mwingine, na hakuna aliyejitokeza. Mtu mmoja akatania: tumeni Prof Écosse, si amekuwa balozi kwenye madaftari maisha yake yote? Watu wakacheka. Stanislas akasimama, akavua kofia, akasema anakubali. Nikataka ardhi inimeze. Huyu ni mwanaume ambaye nikimtuma kununua kuku, anarudi na kuku mwembamba na historia ya familia ya muuzaji.

Alisema ana sharti moja, Kahongya abaki nyumbani. Kumwambia kaka mkubwa hivyo mbele ya ukoo si jambo dogo. Lakini alimfuata pale alipokaa, akachuchumaa mbele yake, akamwambia polepole kwamba mjumbe hubeba neno, habebi hasira, na kwamba atalipeleka jina la Kahongya Beni kwa heshima. Kahongya alinung'unika kisha akatoa mbuzi mmoja mwenyewe. Hapo nilishangaa kidogo, ila sikumwonyesha.

Tulikwenda Beni sisi wawili, na mbuzi wa Kahongya, na kreti moja ya soda, ambayo kwetu tunaiita sucré. Njiani Stanislas alikuwa anasoma karatasi tatu alizoandika. Nilimwambia azitupe. Hakuzitupa, lakini tulipofika hakuzitoa mfukoni.

Pasta alitukaribisha bila kutabasamu. Aliyesema kwa niaba yao alikuwa Lévi, shemeji yake, mwanaume mrefu anayejua kunyamaza. Mke wa pasta, Jokébed, alikaa pembeni anatenga majani ya sombe, yaani kisamvu, na vijiti vyake, macho chini. Gracieuse hakuwepo, ni muuguzi Bunia, alikuwa ameshasema kwenye simu kwamba wazazi wake wakikubali na yeye amekubali. Na katikati ya wote hao akatokea mtoto wa miaka minne mwenye masikio ya Kakule. Masikio yale yale yaliyosimama. Alikuja akagusa mkufu wangu wa rozari, akauliza ni wa nini. Nilimpakata, naye akakubali kupakatwa, na kwa karibu nusu saa sikusikia wanaume wanasema nini.

Nilianza kusikia Stanislas alipofika kwenye kasiksi. Hakusema ni kosa la Kahongya.

"Pasteur, kwetu mutu akikuya kwa bakwe mikono mitupu, amebatukana," alisema. "Donc tulileta heshima ya kwetu. Hatukuuliza ya kwenu iko namna gani. Ile njo kosa yetu, na tunaomba pardon."

Halafu Stanislas akasema hakuja kuchukua damu ya mtu. Anaomba siku nane tu. Mtoto aende Musienene, asimame kwenye kaburi la baba yake, matanga yaondolewe, arudi. Lévi akauliza lililokuwa kwenye vichwa vya wote: wakishafika naye Butembo, kati ya ndugu zake wote wale, ni kitu gani kitamrudisha Beni? Stanislas akajibu mara moja, kama mtu aliyelingoja swali hilo miaka thelathini na moja, kwamba atabaki yeye mwenyewe. Mtoto aende na bibi yake, mzee akae hapa kama rehani mpaka mtoto arudi. Nilimjua aliyekuwa anasema. Alikuwa Gauthier.

Lévi alitaka kucheka. Ndipo Jokébed akainua macho kutoka kwenye sombe, kwa mara ya kwanza.

"Hapana," alisema. "Huyu papa hapana. Mwenye atakatala kurudisha mutoto ni huyu mama, muangalie namna anamushika. Njo yeye abakie hapa."

Nilimwangalia mwanamke yule na nikaona kwamba katika sebule nzima balozi alikuwa mmoja tu, na hakuwa mume wangu. Nikamwuliza kama anaelewa anachoomba: kwamba matanga ya mwanangu yaondolewe mimi nikiwa kwenye nyumba ya watu, nimekaa kama mzigo uliosahauliwa garini. Akasema anaelewa, ana watoto. Nikamgeukia Stanislas. Alikuwa ananitazama, macho yamejaa, na hakunijibia. Ningemshukuru au ningempiga, sijui. Nikasema ndiyo. Na nikamchukia kila mtu aliyekuwa kwenye sebule ile, Gauthier akiwa wa kwanza.

Walimfungia Hadassa mfuko wake asubuhi iliyofuata, siku ya Jumatatu. Aliondoka amekaa kwenye magoti ya Stanislas, hakulia. Mimi ndiye niliyelia, nyuma ya jiko, ambako wameanika kakao kwenye turubai.

Kuku mgeni hakosi kamba mguuni. Hawakunifunga, hata mlango wa chumba changu haukuwa na kufuli. Lakini kila nilipoelekea barabarani, Jokébed naye alikumbuka kitu cha kununua huko huko. Tuliamka saa kumi na moja kwa maombi. Joto la Beni lilinikalia shingoni, na jioni nilipotamani kikombe kidogo cha kasiksi, nilipewa chai ya mchaichai. Mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe: siku ya tatu nikapewa jembe kwelikweli, tukaenda kulima mihogo. Tulilima bega kwa bega. Analima vizuri. Ilinikera kwamba analima vizuri.

Jokébed hakunikosea hata mara moja. Alinipa kipande kikubwa cha samaki, akaniwekea maji ya moto ya kuoga, akanionyesha madaftari ya kwanza ya Hadassa, ya kuchorachora. Siku moja aliniambia Hadassa anaogopa mabata, anapenda ndizi za makemba zilizoungua, na akilala anashika sikio lake mwenyewe. Kakule pia alilala hivyo. Nilikaribia kumwambia, nikajizuia, sikutaka kumpa chochote.

Jumamosi ndiyo ilikuwa siku ya matanga. Stanislas alipiga simu mchana. Nilikimbilia kule nyuma ya jiko, nikaweka simu sikioni, nikasikia watu wangu wanaimba. Nilitambua sauti ya Kahongya juu ya zote, nikawatambua wanawake wa sokoni. Ukoo mzima ulikuwa juu ya kile kilima, na mimi nilikuwa nimesimama kwenye maganda ya kakao. Stanislas aliniambia mtoto amesimama kaburini bila kuogopa, nywele zimekatwa, watu wamelia halafu wamekula. Kisha akampa simu.

"Mukaka, nimeona nyumba ya papa," Hadassa alisema. "Iko na maua. Mi njo niliiweka."

Mukaka ni bibi. Hakuwa amewahi kuniita hivyo. Kisha mtu akamtania huko, naye akacheka, na kicheko kilikuwa cha Kakule, kilichoanza na kukohoa kidogo. Miaka mitatu nilikuwa sijakisikia. Stanislas aliporudi kwenye simu nilikuwa nimeshaamua.

"Usimurudishe," nilimwambia. "Unasikia? Mubaki naye. Mi niko muzee, batanifanya nini? Habawezi kunifunga. Batachoka na mimi, batanifukuza. Usimurudishe, Prof."

Nilisikia ngoma nyuma yake.

"Nimesikia, Flora," alisema, na simu ikakatika.

Siku ile na iliyofuata nilitembea kwenye nyumba ya watu nikiwa na neno langu mfukoni. Niliimba nao kanisani. Nilikula chakula chao. Nilijiambia mtoto ana haki ya kwao baba, nilijiambia hata Mungu anajua uchungu wa mwana, nilijiambia mengi. Nilimkumbuka pia yule mfalme wa Stanislas aliyerudi nyumbani akanenepa. Sikumkumbuka kwa muda mrefu.

Jumatatu, siku ya nane, mtoto alipaswa kufika saa sita. Jokébed alimpikia makemba, akayaacha yaungue kidogo kama anavyopenda. Saa sita ikapita. Saa saba ikapita. Lévi alipiga simu ya Stanislas, haikupatikana. Pasta alitoka mpaka barabarani, akarudi, akatoka tena. Mimi nilikaa kwenye benchi na moyo ukinidunda kwa furaha, naisema kama ilivyokuwa: kwa furaha. Nilijua. Mume wangu, kwa mara moja katika maisha yake, alikuwa amenisikiliza mimi badala ya Mskoti.

Saa nane Jokébed akaja kukaa karibu nami kwenye benchi lile. Hakunilaumu, hakuuliza kitu. Kitambaa chake cha kichwa kilikuwa kimelegea, akainua mikono akifunge. Ikashindikana. Akajaribu tena, vidole vikawa vinapapasa na fundo halikai. Mara ya tatu akaziacha zile ncha mbili zining'inie, akaweka mikono mapajani, akaitazama.

Niliijua mikono ile. Ndiyo niliyokuwa nayo siku waliponiletea habari ya pikipiki. Nilishindwa kufunga kitenge changu, jirani akanifungia. Furaha yangu ikanitoka yote. Nilisogea, nikamfunga Jokébed kitambaa chake, naye akaniachia kichwa chake kama mtoto. Kisha nikaanza kuomba, rozari mkononi kwenye nyumba ya Waprotestanti, nikiomba kinyume kabisa cha nilichoomba Jumamosi. Nilimwomba Mungu mume wangu awe amenikatalia. Saa tisa ikapita nikiomba hivyo, na sijawahi kuogopa vile tangu mazishi.

Karibu saa kumi gari lilisimama mbele ya ua, matope mpaka kwenye vioo. Lori lilikuwa limekwama na kufunga barabara tangu asubuhi, na mahali pale simu hazishiki. Stanislas alishuka na mfuko, halafu akamshusha Hadassa. Mtoto alikimbia. Nilikuwa nimesimama, mikono nimeifungua bila kujijua, akanipita, akajitupa kwenye miguu ya Jokébed. Iliniuma, siwezi kudanganya. Iliniuma, na nilimshukuru Mungu, vyote kwa wakati mmoja.

Stanislas alikwenda mbele ya pasta, akasimama wima, suruali imejaa matope.

"Pasteur, mutoto wenu ni huyu," alisema. "Sasa munirudishie muke wangu."

Pasta Ésaïe alicheka. Sikujua kama anaweza. Lévi naye akacheka, wakaanza kupeana mikono, wakaita soda, na ningeweza kukaa kimya mambo yaishe hapo. Stanislas hakunitazama hata mara moja, na nikaelewa kwamba simu yangu ameizika, hatamwambia mtu mpaka kufa kwake. Ndiyo kazi yao wajumbe. Lakini mimi sikuwa mjumbe. Nilimfuata Jokébed jikoni, nikamwambia nilichosema Jumamosi, neno kwa neno.

Alikuwa anammenyea mtoto ndizi. Hakusimamisha kisu.

"Nilisikia," alisema. "Nilikuwa hapa hapa, na dirisha iko wazi. Kila mara nikikupatia sahani nilikuwa naomba, Bwana nisaidie nisimumwangie iyi chakula." Akampa Hadassa kipande. "Lakini na mi pia ningesema vile. Njo maana sikuambia mutu."

Tuliondoka siku iliyofuata. Garini nilimwuliza Stanislas kama alisitasita. Nilitegemea hotuba kuhusu Dunravel. Akasema Jumapili yote alifunga mfuko wa mtoto na kuufungua, akaufunga, akaufungua tena. Alimsikia akicheka uani na akashindwa kusimama. Nikamwuliza basi ni nini kilichomsimamisha, ni Robert wa kwenye mnara? Akasema hapana. Alimfikiria Florentine wa Butembo, ndiye mimi, kwenye nyumba ya watu aliowadanganya, akiwa bado anawatazama usoni kila asubuhi, na aliogopa kuniacha hapo. Nilimshika mkono mpaka tukafika. Hatukuwa tumeshikana mikono garini tangu ujana wetu.

Nilivua nguo nyeusi. Mwezi wa kumi ukapita, wa kumi na moja ukapita. Beni hawakupiga simu, na sisi hatukuomba tena, maana tuliomba siku nane na tulipewa nane. Ukoo ulimsifu sana Prof Écosse. Hakuna aliyeuliza mimi nilikuwa wapi matanga yakiondolewa, na Stanislas aliliona hilo. Alikata kurasa kwenye daftari lake la mwisho, akaniambia anataka kuandika upya sehemu ya mama yake Robert, ingawa hajui aanzie wapi. Nikamwambia aanzie kwenye mikono.

Wiki moja kabla ya Noeli, siku ya soko, nilikuwa nampimia mteja nilipomwona Jokébed anakuja katikati ya magunia, amevaa koti zito kwa ajili ya baridi yetu, amemshika Hadassa mkono na mfuko uko kichwani. Alinisalimia kwa Kinande, lugha yetu. Aliketi kwenye kigoda changu, akanywa maji, akauliza bei ya maharagwe akasema ni ghali. Kisha akasema likizo ni ndefu na mtoto amekuwa akimwuliza mukaka wa baridi yuko wapi. Atakuja kumchukua baada ya mwaka mpya.

Ilibidi niulize, nikijua mtoto hatoki bila rehani. Nikafuta mikono kwenye kitenge, nikamwuliza safari hii anataka nani abaki Beni.

"Hapana mutu," alisema Jokébed. "Nyumba itanyamaza tu."

Alimwinamia mtoto, akamfunga kifungo cha juu cha sweta, akakifungua, akakifunga tena. Nilimpimia maharagwe kilo tano, akakataa, nikamlazimisha, akachukua. Kisha akatembea kuelekea kwenye magari ya Beni bila kugeuka, na mimi sikumwita, kwa sababu nilijua analia.